Kasha la Bibi Lina Bei Gani?

Mwenzenu nilipotea siku nne, na wale mliokuwa mnanitafuta kwa ajili ya kazi ya kikundi naomba mniwie radhi. Nilikuwa Pangani. Mjomba alinipigia simu ya dakika moja (simu zake zote ni za dakika moja) akasema: "Wewe si unasoma historia huko Mlimani? Njoo utuambie kasha la mama lina bei gani. Kuna mtu analitaka."

Miaka miwili ukoo mzima unaniuliza hiyo historia nitakula nini. Leo ndiyo mara ya kwanza inahitajika kwa kazi! Nikapanda basi nimevimba kichwa. Nimerudi kichwa kimenywea, na ndiyo maana naandika.

Kwanza niwaeleze kasha lenyewe. Ni sanduku la mbao nyeusi-nyekundu, refu kama kitanda cha mtoto, limepigwa njumu mbele na kwenye kifuniko, yaani misumari ya shaba ya njano iliyopangwa kwa mistari na maua. Chini lina droo tatu ndogo. Ndani, upande wa kushoto, kuna kijisanduku chenye kifuniko chake ambamo Bibi anaweka udi, pete na vikaratasi vya kila aina. Sisi wajukuu tulikatazwa kulikalia. Tulilikalia hata hivyo.

Mwenye kulitaka ni mfanyabiashara wa vitu vya kale, mtu mzima, mpole, anazunguka miji ya pwani kutafuta vitasa, milango, viti na makasha. Alitoa laki tatu na nusu. Bibi paa lake linavuja upande wa jikoni, na kwa hesabu ya fundi hela hiyo inafika kwenye mabati kumi na mbili na misumari yake. Mjomba alitaka kujua kama tunaibiwa au hatuibiwi. Basi.

Nilipofika nilimkuta Bibi kibarazani. "Shikamoo Bibi." "Marahaba mume wangu. Umekuja kuniuzia vyombo?" Nikacheka, lakini neno likanichoma.

Haya, sasa tuingie kwenye somo. Nilikuwa nimejisomea kidogo kabla ya safari, maana sikutaka kuaibika. Makasha ya namna hii tunayaita ya Zanzibar, lakini mengi hayakutengenezwa Zanzibar wala Pangani. Yalitengenezwa India, sehemu za Surat, Bombay na pwani ya Malabar, na mengine yalitoka Ghuba. Yalikuja na majahazi ya kaskazi, yale yanayoshuka kuanzia Desemba, yakiwa yamebeba nguo, tende na vyombo, kisha yanasubiri kusi yageuke na pembe, mikoko na karafuu. Nahodha alikuwa na kasha lake la mali, na bibi harusi alikuwa na lake la nguo. Kule Oman hadi leo kasha la harusi linajulikana, wanaliita mandusi. Hata neno letu kasha linasemekana ni la Wareno. Kwa hiyo sanduku moja chumbani kwa bibi yako lina mbao za India, mtindo wa Ghuba na jina la Kireno. Mama mmoja wa Kiingereza, Sheila Unwin, aliyekusanya makasha haya Afrika Mashariki kwa miaka mingi, alitoa kitabu kizima kuyahusu mwaka 2006 akiyapanga kwa aina na mahali yalikotoka. Kitabu kizima, jamani, kwa kitu ambacho sisi tunawekea mashuka!

Kwa upande wa ukoo, historia ya kasha ni fupi na ina fahari. Mjomba anasema lilikuwepo tangu vita vya Bushiri. Mnakumbuka: Bushiri bin Salim aliongoza upinzani dhidi ya Wajerumani wa pwani kuanzia 1888, akanyongwa hapo hapo Pangani Desemba 1889. Kila nyumba ya zamani Pangani ina kitu cha wakati wa Bushiri. Kama vyote ni kweli, basi vita ile ilipiganwa katikati ya samani nyingi sana.

Nikaanza ukaguzi, mfanyabiashara akinitazama kwa subira kama mwalimu anayemwangalia mtoto akijumlisha kwa vidole. Hapa nitawaambia niliyojifunza, maana yatawafaa siku mjomba wenu atakapopiga simu.

Usianze mbele, mbele ndiko kila mtu anakopamba. Geuza kitu ukione mgongo na chini. Mbao iliyopasuliwa kwa msumeno wa mkono ina michirizi isiyolingana, na ya mashine ina michirizi iliyojipanga. Msumari uliofuliwa na mhunzi una mwili wa pembe nne na kichwa kisichokuwa duara kamili, wakati ule wa waya, wa duara, ulienea mwishoni mwa karne ya 19. Tazama mahali mikono inaposhika: mbao halisi ya zamani imelika pale inapopaswa kulika, kwenye ukingo wa kifuniko, kwenye miguu, chini ya droo. Anayetengeneza "ukale" husugua kila mahali sawasawa. Na wapo wengi, maana mafundi wanatengeneza makasha mapya mpaka leo, mazuri tu, ila mengine huuzwa kwa umri ambao hayana.

La Bibi lilifaulu karibu kote. Misumari ya mgongoni ni ya mhunzi, michirizi ni ya mkono. Lakini bawaba moja imefungwa kwa skurubu mpya tatu, na mguu mmoja ni wa mbao tofauti. Mfanyabiashara akasema: "Ndiyo maana laki tatu na nusu. Lingekuwa zima ningepanda." Kwa kweli alikuwa msema kweli. Je, ni la wakati wa Bushiri? Linaweza kuwa. Linaweza pia kuwa la miaka thelathini baadaye, maana mafundi wa India hawakuacha msumeno wa mkono siku moja wote kwa pamoja. Nikamwambia mjomba hivyo. Hakufurahi.

Kisha Bibi akafungua kile kijisanduku cha ndani akatoa riale. Mnazijua zile sarafu kubwa za fedha zenye mama mnene mwenye kifua? Ni Maria Theresa, malkia wa Austria. Sarafu yake ilizunguka Uhabeshi, Arabuni na pwani yetu, na Zanzibar ya karne ya 19 bei zilihesabiwa kwa riale. Ya Bibi imetobolewa tundu juu, ilikuwa ya mkufu. Imeandikwa 1780. Mjomba macho yakamtoka: "Miaka mia mbili na arobaini na zaidi! Hii peke yake inanunua nyumba!"

Pole mjomba. Maria Theresa alifariki mwaka 1780, lakini wafanyabiashara wa huku walikuwa wameizoea sura yake na uzito wake kiasi kwamba walikataa nyingine. Kwa hiyo viwanda vya sarafu viliendelea kuipiga ile ile, na mwaka ule ule 1780, miaka nenda miaka rudi. Haikupigwa Vienna tu: karne ya 20 ilipigwa hata London na Bombay. Zote zina gramu 28 hivi, na zaidi ya asilimia 80 ni fedha safi. Sarafu inasema 1780 na inaweza kuwa ya miaka ya 1930. Haidanganyi kwa nia mbaya, ila si shahidi. Na tundu la mkufu mbele ya wakusanya sarafu linashusha bei zaidi.

Bibi akaiangalia, akaifunga tena kwenye kitambaa. "Mama yangu alitoboa tundu," akasema. "Kwa hiyo tundu ndilo lenyewe."

Mnaona? Kwa soko, tundu ni kasoro. Kwa Bibi, sarafu ni chuma cha watu tu, tundu ndilo la mama yake. Nadhani hapo ndipo somo langu lilipoanza, ila mimi bado nilikuwa nahesabu skurubu.

Tukaanza kulitoa kasha vitu ili mfanyabiashara aone ndani. Mashuka, kanga ambazo hazijakatwa, msahafu mkubwa, picha za harusi, bahasha ya vyeti. Kifuniko kikafunguliwa hadi mwisho, mlango wa uani ukawa wazi, jua la saa kumi likapiga ndani ya kifuniko. Kulikuwa na maandishi. Wino umefifia rangi ya chai, mistari minane au tisa, hati za Kiarabu. Mimi nilisoma chuo cha Qurani mpaka darasa la sita, lakini hii haikuwa Kiarabu, ilikuwa Kiswahili kilichoandikwa kwa herufi za Kiarabu kama wazee wetu walivyoandikiana kwa karne nyingi kabla ya hizi herufi ninazoandikia hapa. Tulimwita maalim wa jirani akaja na miwani yake.

Ilikuwa orodha ya watoto. Jina, mwezi, mwaka. Wa kwanza 1341 ya Hijria, yaani 1922 au 1923. Aliyekuwa akiandika ni babu yake Bibi mwanzoni, kisha mwandiko unabadilika, anaandika mtu mwingine. Mstari wa sita jina la Bibi: Mfungo Sita 1361. Tukahesabu na maalim: ni Machi au Aprili 1942.

Kitambulisho cha Bibi kinasema 1945. Alipoandikishwa, karani alimuuliza umezaliwa lini, akasema wakati wa vita vya Hitla, karani akachagua mwaka wa mwisho akaendelea na foleni. Kwa hiyo maisha yake yote hakuna karatasi ya serikali inayojua Bibi ana umri gani. Kifuniko cha kasha kilikuwa kinajua.

Mstari wa saba una jina la mtoto wa kiume, 1363, na pembeni neno moja dogo: kafa. Maalim alilisoma kwa sauti ya chini. Bibi alinyamaza kitambo. Halafu akasema, "Nilikuwa nambeba mgongoni." Mjomba wangu, mtu wa miaka hamsini na tisa, hakuwahi kusikia kwamba mama yake alikuwa na mdogo wa kiume.

Mfanyabiashara alisubiri kwa adabu mpaka Bibi akapangusa uso. Kisha akasema neno ambalo hakulisema kwa ubaya hata kidogo: "Hayo yasiwape shida, yanatoka. Tunapiga msasa, tunatia vanishi, linakuwa safi kabisa."

Usiku sikulala vizuri. Nikawa nakumbuka jambo tulilojadili semina muhula uliopita, wengine mlisinzia lakini mimi lilinikaa: habari ya vigango vya Wamijikenda wa pwani ya Kenya. Kwa waliosinzia, kigango ni nguzo ya mbao ngumu iliyochongwa, inasimikwa kwa ajili ya marehemu aliyekuwa katika chama cha Gohu. Haiwekwi kuwa pambo. Ni mahali pa roho ya mzee huyo, na kuing'oa ni kuita balaa juu ya familia. Hata watu wakihamia shamba jingine, kigango kinabaki pale pale. Sasa mgeni akiona nguzo peke yake porini anasema, "hii imetelekezwa." Vijana wakaanza kuzing'oa usiku na kuziuza kwa hela kidogo, zikapita kwenye maduka ya vinyago, zikaishia kwenye majumba ya sanaa ya Marekani ambako bei ilikuwa maelfu ya dola.

Mwaka 1985 mwanaanthropolojia mmoja, Monica Udvardy, alimpiga picha mzee Kalume Mwakiru amesimama kando ya vigango viwili alivyowasimikia ndugu zake. Muda mfupi baadaye vikaibwa. Mwaka 1999 Udvardy yuko kwenye mkutano wa wasomi wa Afrika huko Marekani, anaona picha ya kigango kwenye maonyesho, anakitambua! Kilikuwa katika makumbusho ya jimbo la Illinois. Mwenzake akapatikana katika makumbusho ya Chuo Kikuu cha Hampton, Virginia. Baada ya miaka ya barua na mazungumzo, vilirudishwa, na mwaka 2007 cha Illinois kikakabidhiwa kwa familia kijijini.

Sasa linganisheni na hili. Makumbusho ya Denver yaliamua kurudisha vigango 30, uamuzi wa 2014, mzigo ukafika Kenya 2019. Ni jambo jema kabisa. Lakini vilirudi kwa nchi, kwa Makumbusho ya Taifa, si kwa mlango wa mtu, kwa sababu vilipotoka nyumbani hakuna aliyeandika vya nani. Vile viwili vilirudi kwa sababu ya picha moja. Hivi thelathini mbao zake ni zile zile na uchongaji wake ni ule ule. Kilichopotea njiani ni majina.

Wajuzi wa vitu vya kale wenyewe wanalijua hili. Wanapopima kitu wanaangalia umri, mali ghafi, uhaba, uzima wake, na jambo la tano ambalo mara nyingi ndilo zito: kimetoka kwa nani, kimepita kwa nani, ushahidi uko wapi. Na juu ya yote hayo kuna upepo wa mitindo tu. Uingereza kabati za mbao nyeusi za wakati wa Malkia Victoria zilikuwa na bei nzuri mpaka karibu mwaka 2000, kisha vijana wakataka vyumba vyeupe vyepesi na bei ikaporomoka. Kabati halikubadilika hata msumari. Kwa hiyo bei inatuambia watu wanataka nini mwaka huu. Kitu chenyewe ni nini, bei haijui.

Sheria nayo inasaidia nusu. Sheria yetu ya Mambo ya Kale ya 1964 iliweka mstari: kilichotengenezwa kabla ya 1863 ni cha kulindwa, na milango ya kuchongwa ikalindwa kama ni ya kabla ya 1940. Vizuri. Lakini hakuna sheria itakayolinda neno "kafa" ndani ya kifuniko. Hilo linalindwa na mtu anayejua limeandikwa nini.

Asubuhi nikampa Bibi mhadhara wangu. Nikasema Bibi, kasha hili si la kuuza, hili ni hati, hili ni nyaraka ya ukoo! Nikaongea dakika kumi. Alinisikiliza mpaka mwisho, akanywa chai, akasema: "Umesema vizuri mume wangu. Mvua ya masika ikinyesha utakuja kukinga ndoo?"

Nikanyamaza. Ndugu zangu, tusidanganyane. Ni rahisi sana kutetea thamani ya moyo ukiwa unalala hosteli yenye zege juu. Mwenye moyo ndiye mwenye paa linalovuja. Wengi waliouza milango na makasha ya pwani hii hawakuwa wajinga wala wasaliti wa utamaduni, walikuwa na ada za shule, wagonjwa na mabati. Tukiwahukumu bila kuhesabu mabati, tunaandika historia ya uongo.

Mfanyabiashara aliporudi saa nne, Bibi alikuwa amevaa baibui na amekaa juu ya kasha, yeye aliyetukataza. Akamwambia: "Nitakuuzia. Ila usipige msasa, na uandike karatasi, kasha hili la fulani binti fulani wa Pangani, liende na karatasi yake popote linapokwenda." Mfanyabiashara akacheka kidogo, akasema mama, wateja wangu hawataki majina ya watu, wanataka kasha. Bibi akasema, "Basi wanataka mbao. Mbao ziko sokoni." Akaagana naye vizuri na kumpa embe za kwenda nazo.

Mwenzenu nimesoma kurasa ngapi kuhusu asili na mapito ya vitu vya kale? Bibi aliipata yote kwa usiku mmoja, na kwa maneno machache kuliko mimi.

Kwa hiyo matokeo: kasha lipo, paa linavuja. Nimepiga picha kila mstari wa kifuniko, maalim amenisaidia kunakili kwenye daftari kwa hati zote mbili, na mjomba ameandika jina la mdogo wa mama yake kwenye karatasi akaliweka kwenye pochi. Mimi na binamu zangu tumepanga kuchanga, nami nimetoa ahadi ya sehemu ya bumu likitoka, ahadi ambayo wale wanaonidai humu chumbani wasiisome kwa sauti. Mabati manne yameshanunuliwa, yamebaki manane. Ikishindikana mpaka masika, Bibi ana haki ya kubadili mawazo, na mimi sitakuwa na la kusema ila kumwomba anisubiri nije kulisindikiza na karatasi yake.

Ninachowaomba ni kidogo. Mkienda nyumbani likizo hii, tafuteni kitu kimoja, kinu, mkeka, redio ya babu, chochote, mkae na mwenye nacho mumuulize kimetoka kwa nani. Mwandike jina, mahali na mwaka. Msisubiri mpaka mtu aje na bei, maana siku hiyo mtakuwa mnahesabu skurubu kama mimi.

Kazi ya kikundi naileta kesho asubuhi, kweli tena. Alamsiki.